Kituo cha Hoki Kilichokufa Bila Matanga

Kituo cha runinga kikifungwa hakiwekewi matanga. Mtazamaji hubonyeza nambari aliyoizoea, akakuta kiwambo ni cheusi, akahamia kwingine. Ndivyo kilivyotoweka, mwaka 2022, kituo cha Leafs Nation Network cha mjini Toronto, Kanada. Kilikuwa hewani kwa miaka 21, na katika muda huo wote kilishughulikia jambo moja: mchezo wa hoki, na katika hoki yenyewe, timu moja tu ya Toronto Maple Leafs.

Mwalimu aliyeko Webuye au mwanafunzi wa Voi ana haki ya kuuliza habari hizo zamhusu nini. Kwetu hoki ni mpira wa magongo uchezwao uwanjani, ule ulioipatia Kenya nafasi ya sita katika michezo ya Olimpiki ya Tokyo mwaka 1964. Wakanada wakitaja hoki huwa na jambo jingine akilini. Yao huchezwa juu ya barafu, wachezaji sita kila upande pamoja na kipa, wamevaa viatu vyenye makali ya chuma, wakikimbizana na kisahani kigumu cha mpira. Hata hivyo, Nairobi nayo ina kikosi cha mchezo huo, Ice Lions, ambacho mwaka 2018 kilisafirishwa hadi eneo la Toronto na kucheza pamoja na nyota Sidney Crosby. Kwa hivyo si mchezo mgeni kabisa masikioni mwetu. Isitoshe, katika kisa hiki wamo walimu, tena si kama watazamaji bali kama wenye mali. Tutawafikia.

Ili mtu aelewe kilichopotea hana budi kuanza mbali kidogo. Tangu mwaka 1931, ulipofunguliwa uwanja wa Maple Leaf Gardens, sauti ya mtangazaji Foster Hewitt ilikuwa ikisafiri kwa redio kutoka Toronto hadi vijiji vilivyofunikwa na theluji maelfu ya kilomita kutoka hapo. Mwaka 1952 shirika la umma, CBC, lilianza kuonyesha mechi hizo katika runinga. Jumamosi usiku ikawa ni ya hoki. Yeyote aliyekuwa na antena alitazama bila kumlipa mtu, tajiri na maskini sawa. Taifa lile ni pana mno, lina lugha mbili rasmi na majimbo yasiyosikilizana sana. Mambo yaliyowakutanisha watu wake saa moja na kwa kitu kimoja yalikuwa machache, na hoki ilikuwa mbele ya mengi ya hayo.

Kisha ikaja enzi ya vituo maalumu. Mwaka 1984 kilianza kituo cha michezo cha TSN, kilichopatikana kwa waya na kwa malipo. Lakini mlango wenyewe ulifunguliwa Novemba 2000. Tume inayosimamia redio, runinga na mawasiliano nchini humo iliidhinisha vituo vipya 283 vya dijitali kwa mkupuo mmoja. Kati ya hivyo, 21 vilikuwa vya daraja la kwanza, ambavyo wasambazaji wa matangazo walilazimika kuvipokea. Vilivyobaki, 262, vilikuwa vya daraja la pili. Hivi vilipewa leseni na kuambiwa vikatafute wenyewe msambazaji wa kuvibeba. Ni kama kumpa mtu kibali cha kuuza samaki, ukamwambia soko atalijua mwenyewe. Vingi katika hivyo 262 havikuwahi kuonekana hata siku moja.

Kituo cha Leafs kilikuwa cha daraja hilo la pili. Kilianza Septemba 2001 kwa jina la Leafs TV, na mwezi uliofuata kikaanza kingine cha hoki, toleo la Kanada la NHL Network. Mwenye Leafs TV alikuwa kampuni ya Maple Leaf Sports & Entertainment, yenye timu hiyo ya hoki, timu ya mpira wa vikapu ya Raptors, na ukumbi zinamochezea. Mantiki yake ilikuwa nyepesi na ya kuvutia. Timu ina mashabiki wengi kuliko nyingine yoyote katika sehemu zinazozungumza Kiingereza. Kwa nini kumuuzia mwingine mechi zote, hali unaweza kuziuza baadhi mwenyewe? Katika mechi 82 za msimu, nyingine huonyeshwa taifa zima na nyingine katika eneo la timu tu. Leafs TV ilitengewa fungu katika hizi za eneo. Nafasi iliyobaki ikajazwa kwa mazoezi, mahojiano, mechi za zamani, na baadaye michezo ya Marlies, kikosi cha vijana wanaopikwa ili wapande ligi kuu, kilichohamia Toronto mwaka 2005.

Sitaki nieleweke kwamba kilikuwa kituo cha ajabu. Mwenye timu akiwa ndiye mwenye kamera, hutarajii kumsikia akisema timu yake ni mbovu. Na Leafs wa miaka hiyo walikuwa wabovu kweli kweli. Kombe la Stanley wamelitwaa kwa mara ya mwisho mwaka 1967. Kuanzia 2004 hadi 2023 hawakuvuka hata raundi moja ya mchujo. Kituo kizima kikaishi na kufa bila kuionyesha timu yake ikibeba kombe. Yahitaji imani ya aina yake kulipia kituo cha namna hiyo kila mwezi, na watu walilipa.

Hapa ndipo walimu wanapoingia. Kuanzia mwaka 1994 hazina ya malipo ya uzeeni ya walimu wa jimbo la Ontario ilinunua hisa katika timu hiyo, ikaendelea kuongeza, mpaka ikamiliki takriban asilimia 80 ya kampuni. Tafakari jambo hilo. Mwalimu wa darasa la tatu aliyekuwa akikatwa sehemu ya mshahara wake alikuwa, kupitia hazina yake, mmojawapo wa wenye timu, ukumbi na kituo cha runinga. Mashabiki walinung'unika kuwa hazina ilijali faida kuliko makombe, na pengine hawakukosea. Lakini hazina ya uzeeni haina kampuni ya simu. Haina waya wa kuingiza nyumbani mwa mtu wala kituo kingine cha michezo kinachogombea mechi zilezile. Kwake, Leafs TV ilikuwa mali ya kutunzwa ilimradi iingize fedha.

Mwishoni mwa 2011 hazina ilitangaza kuuza fungu lake kwa dola za Kanada bilioni 1.32, na mwaka 2012 uuzaji ukakamilika. Walionunua ni Bell na Rogers, kampuni mbili kubwa zinazoshindana katika simu, intaneti na usambazaji wa runinga. Kila moja ilipata asilimia 37.5, asilimia 25 ikabaki kwa mfanyabiashara Larry Tanenbaum. Bell ndiyo yenye TSN. Rogers ndiyo yenye Sportsnet. Msomaji amekwisha kuona matatizo yalikotokea. Wenye nyumba wapya walikuwa kila mmoja na duka lake, na mechi za Leafs ndizo bidhaa iliyokuwa ikitafutwa kuliko zote.

Mwaka huohuo wa 2012 toleo la Kanada la NHL Network lilifungwa, nafasi yake ikachukuliwa na lile la Marekani. Novemba 2013 Rogers ilinunua haki za kitaifa za ligi ya NHL kwa miaka 12, kwa dola bilioni 5.2. CBC, iliyoubeba mchezo huo tangu siku za redio, ikaachiwa kuonyesha Jumamosi usiku kwa hisani ya Rogers, bila mapato ya matangazo ya biashara. TSN nayo, baada ya kupoteza mechi za taifa, ilijigawa mwaka 2014 kuwa vituo vitano ili ipate pa kuweka mechi za maeneo. Kuanzia msimu wa 2014-15, mechi za eneo za Leafs ziligawanywa kati ya TSN na Sportsnet.

Leafs TV haikupata kitu. Waswahili husema fahali wawili wakipigana ziumiazo ni nyasi. Hawa hawakupigana. Waligawana malisho kwa amani, na nyasi zikaisha.

Kwa maoni yangu kituo kilikufa mwaka huo wa 2014. Yaliyofuata ni miaka minane ya kuchelewesha mazishi. Kituo cha michezo kisicho na mechi ya moja kwa moja ni kama kisima kilichokauka: ndoo na kamba unazo, maji huna. Mahojiano na mechi za mwaka jana huliwa kama kitoweo pembeni ya mlo, na mlo ulikuwa umehamishwa meza. Mwaka 2017 kilibadilishwa jina, kutoka Leafs TV hadi Leafs Nation Network. Jina jipya halikuleta mechi.

Wako watakaosema kilichokiua ni intaneti. Hoja hiyo ina chembe ya ukweli. Vijana walikuwa wakitazama mabao katika simu zao kabla ya mtangazaji kumaliza kuyasimulia, na watu wengi waliacha kulipia waya. Fauka ya hayo, mwaka 2016 tume ileile iliwalazimisha wasambazaji kuuza vituo kimoja kimoja au katika vifurushi vidogo, badala ya kuvirundika mteja avilipie vyote. Amri hiyo ilikuwa nafuu kwa mteja, ila iliviumiza vituo vidogo vilivyokuwa vikiishi kwa kubebwa ndani ya vifurushi vikubwa. Hata hivyo, kama intaneti ndiyo iliyoua, mbona thamani ya mechi imezidi kupanda? Aprili 2025 Rogers ilikubali kulipa dola bilioni 11 kwa miaka mingine 12, kuanzia msimu wa 2026-27. Hiyo ni zaidi ya maradufu ya bei ya mwanzo. Anayetumia fedha kiasi hicho hanunui mchezo unaokufa.

Ukweli ni kwamba Wakanada hawakupungukiwa na mapenzi ya hoki. Walipungukiwa na mahali ambapo hoki ingeweza kukaa bila kuwa chambo cha kuuzia kitu kingine. Katika biashara ya Bell na Rogers, mechi humvuta mteja anunue simu, intaneti na kifurushi, vyote kwa kampuni moja. Kituo kinachojitegemea, hata kikiwa chao wenyewe, ni mdomo wa ziada kulishwa. Tume, iliyokuwa hodari wa kugawa leseni 283, iliyaacha mapatano ya 2012 yapite, wenye mabomba wakawa pia wenye maji. Nalihesabu hilo kuwa kosa kubwa kuliko yote katika mkasa huu, na halikufanywa na shabiki wala mchezaji.

Aliyeumia si yule anayejali mechi kubwa tu. Huyo angali anaziona, mradi awe na fedha: Jumamosi CBC, siku nyingine Sportsnet, nyingine TSN, na tangu 2024 mechi za taifa za Jumatatu zikapelekwa Prime ya Amazon. Aliyeumia ni mwenye hamu ya mambo madogo. Ni yule aliyependa kuwatazama vijana wa Marlies kabla hawajawa na jina, au mzee aliyetaka kuiona tena mechi ya ujana wake katikati ya wiki. Mambo hayo hayana nafasi katika kituo kinachopaswa kurudisha mabilioni.

Walimu je? Septemba 2024 Bell ilikubali kumuuzia Rogers asilimia zake 37.5 kwa dola bilioni 4.7, na Julai 2025 kazi ikakamilika. Yaani chini ya nusu ya kampuni iliuzwa kwa zaidi ya mara tatu ya kile hazina ya walimu ilichopata kwa karibu asilimia 80. Si haki kuwacheka. Mwaka 2011 bei ile ilionekana nono, na wastaafu hawawezi kula hisa. Ila timu, ukumbi na haki za mechi sasa vimo karibu vyote katika mkono mmoja, na mkono huo ndio unaopeleka bili ya simu na ya runinga mwishoni mwa mwezi katika nyumba za walimu walewale.