Sarakasi ya Tsvetnoy yatimiza miaka 145

Mwaka 1946, chuo cha filamu cha Moscow, VGIK, kilimwambia askari mmoja aliyetoka kuvua magwanda kwamba hafai kwa sinema. Vyuo vya maigizo navyo vikamkataa. Iliyompokea ni sarakasi ya mtaa wa Tsvetnoy jijini humo, iliyokuwa na darasa lake la machale. Askari huyo ni Yuri Nikulin.

Jopo la VGIK hatulilaumu sana. Uso mrefu, pua kubwa, mwendo wa kulegea: nani angeona nyota hapo? Sarakasi iliona, na kwa jicho hilo tunaipa mkono wa pongezi. Ilifunguliwa na Albert Salamonsky Oktoba 20, 1880, na imepita katika mikono ya tsar, ya Wasovieti na ya hawa wa leo.

Ulingo wa sarakasi ni mwalimu mkali. Watazamaji wamekuzunguka pande zote, huna pa kujificha, na maneno hayafiki viti vya nyuma. Chini ya Karandash, chale maarufu wa zama hizo, kisha pamoja na mwenzake Mikhail Shuidin, Nikulin alijifunza kuchekesha watu huku mwenyewe amenuna. Ndiyo maana mwaka 1961 Leonid Gaidai alipotengeneza filamu fupi ya mbwa Barbos, isiyo na mazungumzo, Nikulin hakuhitaji kufundishwa. Mwaka 1969 ikaja "Mkono wa Almasi", iliyotazamwa na zaidi ya watu milioni 70.

Lakini uso ule ule ulijua kulia. Mwongozaji Tarkovsky alimpa nafasi ya mtawa anayeteswa katika "Andrei Rublev". Aleksei German akamfanya mwandishi wa habari za vita katika filamu ya 1976. Vita hakuvisoma kitabuni: alikuwa jeshini tangu 1939, na aliuona mzingiro wa Leningrad.

Deni lake kwa sarakasi iliyompokea akalilipa. Akiwa mkurugenzi wake, jengo kuukuu lilibomolewa mwaka 1985, na jipya likafunguliwa mahali palepale mwaka 1989. Kusimamisha jengo la burudani wakati dola lenyewe linayumba si kazi ya mzaha. Tangu 1996, mwaka mmoja kabla ya kifo chake, sarakasi hiyo inaitwa kwa jina lake.

Nje imesimama sanamu yake ya shaba, kando ya gari la filamu yake ya 1967. Wageni hupiga picha na gari. Tunawashauri wakate tiketi pia.