Mtafsiri, Mkalimani na Mazida: Istilahi Tulizo Nazo Tayari



Katika mijadala yetu ya istilahi hurudiwa mara nyingi kauli kwamba Kiswahili kinatosha kwa shairi, hotuba na barua, lakini kikiingia ndani ya kompyuta hupungukiwa na maneno. Siafiki. Tatizo letu ni kwamba tunavipa vitu majina kabla hatujaelewa kazi yake. Nitatoa mfano mmoja, nao ni mgumu kwa makusudi: faili la maktaba ya pamoja lililozalishwa kwa Rust, lugha ya kuandikia programu ambayo toleo lake la 1.0 lilitoka mwaka 2015.

Mfano huu aliniletea kijana niliyemfundisha Kiswahili sekondari. Baada ya shikamoo na habari za nyumbani, alinieleza kuwa ameandika kazi ndogo ya hesabu kwa Rust, akapata faili liitwalo libhesabu.so. Programu yake nyingine, aliyoiandika kwa Python, ilipoliita fungu la maagizo liitwalo jumlisha, ilijibiwa kwamba jina hilo halimo. "Mwalimu, nimeliandika kwa mkono wangu mwenyewe. Limekwenda wapi?" Nikamtaka anieleze jambo zima tangu mwanzo, kwa Kiswahili. Akacheka, akasema haiwezekani. Tulikaa barazani hadi magharibi, na ikawezekana.

Tuanze na kitenzi. Aliyeandika kwa Rust huipeleka matini yake kwa kompaila, nayo huigeuza kuwa maagizo ambayo mashine huyatekeleza moja kwa moja. Mwenye kamusi mkononi atasema kwamba kompaila "hukusanya" matini. Neno hilo halimfundishi mtu kitu, kwani hapa hakuna kinachokusanywa kama mahindi shambani. Kinachofanyika ni tafsiri. Python, kwa upande wake, kwa kawaida huhitaji programu nyingine ikae kando yake muda wote wa kazi, ikifasiri agizo baada ya agizo. Sisi tumezoea kutenganisha kazi hizo mbili: mtafsiri humaliza maandishi yake akaondoka, msomaji akabaki na kitabu; mkalimani husimama kati ya wasemaji mpaka mazungumzo yaishe. Basi Rust ina mtafsiri na Python ina mkalimani. Kijana wangu alikuwa ameifanyia mtihani tofauti hiyo chuoni, lakini hakupata kuielewa namna ile.

La pili ni jina la faili lenyewe. "Maktaba" sina ugomvi nalo. Waarabu, tuliolichukua kwao, nao hulitumia kwa maana hii ya kikompyuta. Ninalolipinga ni "maktaba shirikishi". Mbinu shirikishi ni ile inayowafanya wengine washiriki. Faili hili halimshirikishi mtu katika jambo lolote. Limewekwa mahali pamoja, na programu nyingi hulitumia bila kila moja kubeba nakala yake. Wazee wangesema "ya shirika", kama shamba la shirika, lakini sikio la leo husikia kampuni. "Ya pamoja" yatosha. Katika mfumo wa Linux faili la namna hii huishia na .so, katika Windows .dll, na katika kompyuta za Apple .dylib. Lile la Linux huanza daima kwa baiti nne zilezile: ya kwanza ni 7F kwa hesabu ya kumi na sita, kisha herufi E, L na F. Mfumo huzikagua kabla ya lolote jingine. Zisipokuwapo, faili hurudishwa.

Sasa turudi kwenye jina lililopotea. Tuliliuliza faili, kwa amri iitwayo nm, lina majina gani. Jumlisha lilikuwamo, ila halikuwa peke yake. Lilikuwa limeandikwa _ZN6hesabu8jumlisha, likafuatwa na 17h, kisha tarakimu na herufi 16, na mwishoni E. Waingereza huliita tendo hili kwa kitenzi chenye maana ya kuumbua au kuchanachana. Kijana alikisoma kitenzi hicho akadhani faili limeharibika. Mshairi yeyote angemwambia kuwa halikuharibika: hayo ni mazida. Kama vile sisi tunavyolirefusha neno ili mizani itimie, ndivyo kompaila inavyolirefusha jina ili lisigongane na jina linalofanana nalo kutoka mahali pengine. Tena tazameni tarakimu. 6 ni idadi ya herufi za hesabu, na 8 ni idadi ya herufi za jumlisha. Kompaila inahesabu! Rust ina utaratibu mpya zaidi, ambao majina yake huanza kwa _R, na huo nao huhesabu vivyo hivyo.

Hivyo Python ilikuwa ikisema kweli: jumlisha tupu halikuwamo. Kijana alikuwa amezalisha maktaba ya aina iitwayo dylib, ambayo hukusudiwa kutumiwa na Rust wenzake. Kwa wageni iko aina ya pili, cdylib. Humo mwandishi huweka juu ya fungu lake alama ya no_mangle, ambayo kwa lugha yetu ni kusema "usilitie mazida", kisha hutangaza kwa maneno extern "C" kwamba fungu hilo litaitwa kwa kufuata kanuni za C.

Kwa nini C, lugha iliyozaliwa katika maabara za Bell huko Marekani mwanzoni mwa miaka ya 1970? Kwa sababu Rust haiahidi kwamba arudhi yake ya ndani itabaki ileile kutoka toleo moja la kompaila hadi jingine. Ina ruhusa hata ya kubadilisha mpangilio wa sehemu za kitu kimoja kumbukumbuni ikiona kuna faida. Hata maneno hazihifadhi sawa: Rust hubeba idadi ya baiti za neno, ilhali C huendelea kusoma mpaka ikute sifuri. Mmoja anahesabu, mwingine anasubiri kituo. Wakikutana bila mapatano, mmoja atasoma kisichokuwa chake. Arudhi ya C ndiyo wanayoifahamu wote, kama tarbia inavyomkutanisha wa Lamu na wa Tanga ingawa lahaja zao si moja.

Mapatano hayo yana gharama yake. Jina likishavuliwa mazida, halijilindi tena, na mafungu mawili yenye jina moja yatagongana. Jina tupu pia halisemi linataka vitu vingapi wala vya aina gani. Mgeni akiliita vibaya, huenda asizuiwe, akapata jibu la uongo. Ndiyo maana maktaba ya pamoja isiyo na maelezo ni hatari, na maelezo hayo lazima yaandikwe kwa lugha ambayo msomaji wake anaielewa.

Hapo ndipo penye dai langu. Mwaka 2004 wataalamu wa Chuo Kikuu cha Dar es Salaam walitupatia Jambo OpenOffice, na nawashukuru. Lakini kazi ya namna hiyo ilitafsiri maandishi ya kwenye kioo, yale anayoyaona mtumiaji. Tulitafsiri sebule, jikoni hatukuingia. Vijana wanaopika huko jikoni hujifunza kwa maneno wanayoyakariri bila kuyaona, na mambo yakiharibika hawana lugha ya kujiulizia.

Najua jibu la wapinzani wangu: fundi atahitaji Kiingereza tu, kwa kuwa ujumbe wa makosa huja kwa Kiingereza na mwajiri hutaka Kiingereza. Ni kweli. Kijana wangu mwenyewe bado huandika kazi zake zote kwa Kiingereza, wala sikumtaka aache. Ila kusoma ujumbe ni jambo moja, na kuelewa kilichotokea ni jambo jingine. Siku ile ujumbe alikuwa ameusoma mara nyingi kabla hajanijia.

Kwa hiyo nawaomba washairi wenzangu tusingoje orodha za istilahi zitufikie zikiwa zimepikwa. Kaeni na kijana mmoja anayeandika programu. Mwombeni aeleze kazi ya kitu kabla ya kutaja jina lake. Mazida, inkisari, arudhi, mizani, mtafsiri na mkalimani ni maneno yaliyokwisha kupimwa, na yana kazi nyingine yanayoingoja. Mimi nimekwama kwenye kile kinacholitafuta faili, kulipandisha kumbukumbuni na kuyaunganisha majina yanayotafutwa na yale yaliyomo. "Kipakizi" kinaeleza kupakia, lakini kule kuunganisha kunaachwa nje. Mwenye neno bora na atuletee, pamoja na hoja yake.