Kolelo na mvua ya Mgeta

Wadau, juzi kijiweni hapa mji kasoro bahari mvua ilishuka ile ya kutisha. Mzee mmoja akanigeukia: "Mjukuu wangu, huyo ni Kolelo. Mmemuudhi." Vijana wakacheka. Nami na shahada yangu ya Mlimani nikacheka.

Kwa wasiojua, Kolelo ni mzimu wa Uluguru anayekaa pangoni. Wazee walimpelekea sadaka kuomba mvua.

Usiku nikasoma habari za Februari 23, 1970. Siku hiyo Mgeta ilipata milimita 100.7 za mvua katika muda usiofika saa 3. Ardhi iliporomoka sehemu zaidi ya 1,000, watu 6 wakafa. Watafiti Temple na Rapp walichunguza makovu yale, na hapo ndipo kicheko kiliponikauka: yaliyoanzia ndani ya msitu hayakufika hata asilimia 1! Karibu yote yalianzia palipokwisha kufyekwa.

Sasa jamani, nani wa kumcheka mzee? Hofu ya mizimu ndiyo iliyolinda misitu ya matambiko. Sisi wasomi tumeifuta hofu, mahali pake tumeweka kibao cha "Usikate Miti". Mkulima wa Mgeta analima kabichi mteremkoni kwa sababu hana shamba jingine, na kabichi hiyo tunaila sisi mjini.

Dar inakunywa maji ya Ruvu, mto unaotoka milima hiyo hiyo. Basi ankara ya maji iongezwe kidogo, mkulima alipwe apande miti. Mimi nitalipa, ingawa mishahara ya waandishi mnaijua.