Kibaba cha Tele na Kibaba cha Mfuto



Wazee wetu walitofautisha kibaba cha tele na kibaba cha mfuto. Cha tele ni kile kilichojazwa hata nafaka ikafanya kilima juu ya mdomo wa chombo. Cha mfuto ni kile ambacho mpimaji amepitisha kiganja juu yake, nafaka ikabaki sawa na ukingo. Chombo ni kimoja na jina ni moja, ila shibe ni mbili. Tumeyakumbuka maneno haya kwa sababu katika fukwe za Kibirizi na Ujiji, na katika vijiji vya michikichi kama Simbo na Mahembe, tunaona kwamba mnyonge hununuliwa kwa tele na kuuziwa kwa mfuto.

Jambo hili si geni katika mji wetu. Mwingereza Cameron alipofika Ujiji mwezi wa Februari 1874, alikuta soko linaloendeshwa kwa shanga ziitwazo sofi, zilizofanana na vipande vya shina la kiko. Aliandika kwamba soko lilipofunguliwa walikuwapo watu wenye mifuko ya sofi, nao waliwabadilishia waliotaka kununua. Soko lilipofungwa walizipokea tena kutoka kwa wauzaji, na mara zote mbili walipata faida. Watu hao hawakuhitaji kushika jembe wala wavu. Ilitosha kushika kipimo.

Nguo nazo zilipimwa kwa mkono, yaani toka kiwiko hadi ncha ya kidole cha kati. Mikono minne ilikuwa shuka, na minane ilikuwa doti. Lakini mkono wa nani? Anayelipa atapenda apime mtu mfupi, na anayelipwa atamtaka mrefu. Pembe za ndovu zilihesabiwa kwa frasila, ambayo ni ratili 35 hivi, karibu kilo 16. Mzigo wa mpagazi katika njia ya kwenda pwani ulikuwa kama frasila mbili. Hivyo kipimo cha mali kilikuwa pia kipimo cha shingo ya mwanadamu, na jambo hilo tutalirudia.

Tusidhani kwamba Ulaya walikuwa watakatifu kuliko sisi. Mwaka 1789 wakulima wa Ufaransa walipopewa nafasi ya kuandikisha malalamiko yao kwa mfalme, wengi walinung'unika kwamba mabwana wa ardhi walipokea kodi ya nafaka kwa vyombo walivyovikuza wenyewe. Kutokana na kilio cha namna hiyo, pamoja na kazi ya wataalamu, ilizaliwa mita, na baada yake kilo, ili kipimo kisiwe mali ya bwana yeyote. Kwetu utawala wa Kiingereza ulileta pauni, galoni na yadi, na mwishoni mwa miaka ya 1960 Tanzania ikahamia kwenye mita, lita na kilo. Vitabuni tulihama. Sokoni hatujahama.

Tuchukue mfano wa mawese. Debe la zamani la mafuta ya taa lilikuwa na galoni nne, yaani lita 18 na kidogo. Siku hizi dumu la plastiki huandikwa lita 20. Mama anayekamua mawese akilijaza dumu hilo kwa bei ile ile aliyozoea kuliuza debe, ametoa karibu lita mbili bure. Tena dumu hilo likijazwa hadi shingoni hupita lita 20, na mafuta yakitiwa yangali ya moto plastiki hulegea na tumbo la dumu hutanuka. Zaidi ya hayo, mawese ni mepesi kuliko maji: lita 20 zina uzito wa kilo 18 hivi. Basi mnunuzi akija na mizani na kudai kilo 20 kwa bei ya lita 20, mizani yake yaweza kuwa sahihi kabisa na bado mama huyo akatoa lita mbili zaidi. Hapa hakuna aliyechezea mizani. Kilichochezewa ni kutojua kwake, na sisi viongozi wa walei tuliosoma hesabu hizi shuleni tumekaa kimya.

Dagaa nao wana habari yao. Alfajiri mitumbwi inaporudi, wanawake hununua dagaa wabichi kwa beseni au ndoo, na beseni moja si sawa na jingine. Wakishakauka juu ya vichanja huuzwa kwa sado, na hapo mchuuzi wa jumla hushindilia kwa ngumi, kisha hudai nyongeza. Akifika kwake atauza kwa kuwamwaga taratibu ili wajae hewa.

Kuhusu lumbesa, hapa tunarudi kwenye shingo. Gunia lililoshonewa kilemba ili lipite kilo 100 limepigwa marufuku, na mara nyingi tunalaani lumbesa kwa sababu ya mkulima. Tunamsahau mchukuzi wa bandarini anayelipwa kwa gunia, si kwa kilo. Kila kilo iliyoongezwa juu huibwa mara mbili, kwanza shambani na kisha mgongoni.

Sheria ipo. Sheria ya Vipimo, Sura ya 340, yataka vipimo vya biashara vihakikiwe na kugongwa mhuri, na Wakala wa Vipimo uliundwa mwaka 2002 kwa kazi hiyo. Lakini mkaguzi hawezi kusimama alfajiri katika kila mwalo toka Kagunga hadi Kalya. Atakayesimama ni jirani.

Wengi wetu tunakumbuka jinsi nabii Amosi alivyowakaripia wenye vipimo vya hila. Tusome pia Walawi sura ya 19. Agizo la mizani ya haki limewekwa mara tu baada ya agizo la kumpenda mgeni. Katika ziwa hili linalogusa nchi nne, mgeni ni yule mchuuzi wa Kongo au Burundi asiyejua ukubwa wa sado yetu, na wapo waamini wenzetu wanaojisifu kwa kumpunja.

Tunapendekeza kila parokia ya mwambao inunue mizani moja iliyohakikiwa na chombo kimoja cha lita kilichogongwa mhuri, viwekwe mahali pa wazi karibu na mwalo au soko, na mtu yeyote, awe Mkristo au Mwislamu, apime bila malipo kabla ya kuuza. Jumuiya Ndogo Ndogo zipeane zamu ya kuvitunza.

Ila tuanzie nyumbani. Sikukuu ya mavuno hupokea mahindi na maharage ya waamini kwa debe, tena la tele, kwa kuwa ni sadaka. Baadaye kamati huyauza kwa debe la mfuto, na kitabu cha parokia huandika "debe" mara zote mbili. Mwaka huu yapimwe kwa kilo mlangoni mwa kanisa, watu wakitazama, na yapimwe tena siku ya kuuzwa.