Uko Nyansiongo, Seva Iko Ng'ambo: Mbona Gemu Inakupea Timu Mbovu Kila Usiku

Wacha nianze na picha unayoijua. Ni saa tatu usiku Nyansiongo. Mvua imenyesha tangu jioni vile hunyesha Borabu, stima imepotea mara mbili ikarudi. Wazee wako wamelala kitambo kwa sababu kesho mangware kuna chai ya kuchuna. Wewe uko chini ya blanketi, simu ina asilimia 34, na bando ulilonunua na soo yako ya mwisho bado lina uhai kidogo. Unafungua Call of Duty: Mobile ama PUBG Mobile, unabonyeza kuanza, gemu inakutafutia timu.

Inakupea wasee watatu. Wa kwanza anabonga Kiarabu, na huelewi kama anakusalimia ama anakutusi. Wa pili hasemi kitu. Wa tatu anaruka peke yake upande ule mwingine wa ramani, anakufa ndani ya dakika mbili, anatoka. Unabaki na huyo wa Kiarabu. Mnakutana na adui, unamwona vizuri kabisa, unamwaga risasi, hafi. Unajificha nyuma ya ukuta, na hapo nyuma ya ukuta ndipo unakufa.

Kesho yake unaambia mabeste kwamba simu yako imezeeka, na ukianza kusikia bonasi ya chai inakuja Oktoba, unaanza kupiga hesabu ya simu mpya. Msee, shika hapo kwanza. Hiyo doh unaweza kuitupa bure. Simu mpya haitakusaidia kama shida ni waya uliolala chini ya bahari na foleni isiyokuwa na watu.

Cheki vile hizi gemu hukupangia timu. Aprili 2024 kampuni ya Activision ilitoa maelezo marefu kuhusu mfumo wake wa Call of Duty. Ilikuwa inaongelea ile kubwa ya konsoli na kompyuta, si ya simu, lakini inaonyesha wazi wenye gemu hufikiria nini. Cha kwanza kabisa walisema ni muunganisho, yaani pingi: muda ambao ujumbe wa simu yako unachukua kufika kwa seva na kurudi. Cha pili ni muda wa kungoja, hawataki ukae kwa lobi mpaka ulale. Ujuzi wako unakuja baada ya hapo. Julai mwaka huohuo wakaeleza jaribio walilofanya la kupunguza uzito wa ujuzi kwenye mfumo. Kwa asilimia 90 ya wachezaji, kiwango cha kurudi kucheza kilishuka. Watu hawapendi kupigwa kama ngoma kila siku, hata wale hulalamika kwa mitandao ati mfumo unawabania.

Hivyo vitu vitatu huvutana. Kama uko Frankfurt na wasee elfu hamsini wako hewani karibu yako, mfumo una raha, unapata watu wa karibu, wa kiwango chako, kwa sekunde kumi. Kama uko Nyansiongo, hakuna foleni ya karibu. Kwa hivyo mfumo unaachilia kitu kimoja. Ukikataa kukungojesha, unakutupia mtu yeyote, ama unajaza nafasi na roboti. Hizo roboti unazijua: zina majina ya watu, lakini zinasimama katikati ya uwanja zikikungoja uzipige. Zinakufanya ujione noma sana, halafu siku moja unaingia mechi ya watu halisi na unachomeka mbele ya kila mtu.

Zamani haikuwa hivi, by the way. Kabla ya Halo 2 ya mwaka 2004 kuzoesha dunia hii tabia ya kubonyeza na kupangiwa, kwenye gemu nyingi za kupigana risasi ulikuwa unaona orodha ya seva na unachagua mwenyewe. Kwa kibanda cha PS cha mtaani bado ni hivyo. Unamjua anayekushinda, na unajua kejani kwao.

Sasa waya. Nuru ndani ya faiba hukimbia karibu kilomita 200,000 kwa sekunde. Inakaa mingi, lakini maana yake ni kwamba kila kilomita 1,000 za waya zinakula milisekunde 10 kwenda na kurudi, na hakuna fundi duniani wa kuzirudisha. TEAMS, waya uliofika Mombasa mwaka 2009, unatoka Fujairah kule Emirates, karibu kilomita 5,000. Hapo tayari umepoteza milisekunde 50 kabla hatujahesabu kutoka kwa mlingoti wa Nyansiongo mpaka Nairobi, na Nairobi mpaka Pwani. Seva ikiwa Ulaya, ujumbe unapanda Bahari ya Shamu, unapita Misri, unavuka Mediterania. Ukiona pingi ya 200, ujue risasi yako ikifika kwa seva, yule adui uliyemlenga alikuwa hapo sehemu ya tano ya sekunde iliyopita. Umepiga kivuli. Na yeye alikupiga ukiwa bado hujafika kwa ukuta, ndiyo maana umekufa ukiwa "umejificha".

Hiyo waya pia hukatika. Februari 2024 nyaya kadhaa zilikatika kwenye Bahari ya Shamu. Tarehe 12 Mei mwaka huohuo EASSy na SEACOM zikakatika upande wa Afrika Kusini, na Kenya nzima ikatambaa. Septemba 2025 Bahari ya Shamu tena, karibu na Jeddah. Kama hizo wiki ulishuka daraja ukajilaumu, jisamehe.

Na zile programu za "kuongeza kasi ya gemu" ambazo zinakuonyesha matangazo matano kabla zifunguke? Inaweza kutokea zikupitishe njia safi kidogo kuliko ile mtandao wako ulikuwa umechagua. Lakini haziwezi kufupisha bahari. Usizilipie.

Swali kubwa ni mbona hakuna seva hapa. Tangu PUBG Mobile itoke 2018, wasee wa huku wamekuwa wakichagua kati ya Ulaya na Mashariki ya Kati kama wageni kwa harusi ya wenyewe. Jibu ni fupi: seva hufuata pesa. Angalia Saudia. Mwaka 2024 Riyadh iliandaa Esports World Cup yenye zawadi za zaidi ya dola milioni 60, na PUBG Mobile ilikuwa ndani. Wachezaji wa kule hununua nguo za gemu, silaha za rangi, kila kitu. Bara letu lina Afrika Kusini. Valve imeweka seva za Counter-Strike Johannesburg, Microsoft ilifungua vituo vyake vya data Afrika Kusini 2019 na Amazon ikafungua Cape Town 2020. Sisi tuna ahadi. Mei 2024 Microsoft na G42 ya Emirates walitangaza kituo cha data cha dola bilioni moja cha kutumia mvuke wa Olkaria. Poa. Lakini kituo cha data peke yake hakileti seva ya gemu. Kinapunguza tu gharama ya kuiweka. Mwenye gemu bado atauliza: hao Wakenya wako wangapi, na wako wapi?

Na hapo ndipo tunajikaanga wenyewe. Sisi tuko, lakini tumetawanyika. Huyu yuko seva ya Ulaya kwa sababu alifungua akaunti hivyo, yule Mashariki ya Kati, mwingine Asia kwa sababu binamu yake alimwambia huko ni rahisi kupanda daraja. Kwa macho ya kampuni, Kenya ni vumbi limesambaa kwa seva za wengine.

Serikali nayo ina lake. Iliahidi kilomita 100,000 za faiba na Wi-Fi ya bure sehemu 25,000, masoko yakiwemo. Muulize MCA wako ile ya soko lenu iko wapi na huzimwa saa ngapi. Wi-Fi ya soko si ya kuchezea mechi, mtu mmoja akianza kupakua muvi wote mnakwama, lakini ni dawa ya masasisho. Watu wengi hawajui hili: mechi yenyewe hula data kidogo sana. Kinachomaliza bando ni sasisho la gigabaiti mbili linalokuja ukiwa umelala. Zima kusasisha kwa data ya simu, ungoja ukifika Keroka ama Kisii penye Wi-Fi. Na kila bando unalonunua lina ushuru wa bidhaa wa asilimia 15, ulioshushwa kutoka 20 na Finance Act ya 2023, na VAT juu yake. Finance Bill ya 2024 ilitaka kuurudisha 20. Unakumbuka ilizikwa na nani, Juni, na kwa bei gani.

Starlink iliingia Kenya Julai 2023, na mapema 2025 wakaweka kituo chao Nairobi, kwa hivyo trafiki haihitaji tena kuzunguka nchi za mbali ndipo irudi. Ni kitu kizuri kama kuna jirani anayo na hamjakosana.

Lakini hebu turudi kwa ile timu mbovu, kwa sababu hiyo ndiyo sehemu unaweza kurekebisha leo bila ruhusa ya mtu. Acha kuanza mechi peke yako. Ingia na mbogi iliyojaa.

Wagusii hawafai kufundishwa hii. Wazee walikuwa na egesangio, majirani wachache wanalima shamba la huyu leo, la yule kesho, kwa zamu. Hakuna aliyesimama njia panda akaokota mtu asiyemjua, asiyejua lugha yake, akampa jembe na kumwambia tulime. Wewe kila usiku ndivyo unafanya.

Nikuambie ukweli pia, wiki ya kwanza mtapigwa. Mifumo mingi ikiona mmeingia kama kundi hutafuta kundi lingine la kuwapinga, na kama mmoja wenu ni fundi sana, anawavuta nyote juu mpaka kwa mibabe. Ile raha ya kuua roboti itaisha. Lakini mtu akisema "yuko nyuma ya lori" utaelewa ni lori gani, na akiangushwa utajua kama utarudi kumwokoa ama umwache. Kwangu mimi hiyo inashinda milisekunde 30 zozote unazoweza kununua.

Kubalianeni seva moja kwanza, kwa sababu mkiwa seva tofauti hata kualikana ni shida. Kwa maoni yangu ni Mashariki ya Kati. Waya ni mfupi kuliko wa Ulaya, na kuna kitu watu husahau: Riyadh na Nairobi ziko saa moja ileile. Saa tatu usiku yako ndiyo saa tatu usiku yao, foleni imejaa wakati wewe umemaliza kukamua ng'ombe na kula. Wakati wa Ramadhani wako macho mpaka daku, kwa hivyo hata yule wa bando la usiku wa manane anapata watu halisi.

Shida ni idadi. Battle royale inataka wanne, ile ya kawaida ya Call of Duty: Mobile watano kwa watano. Unaweza kuzunguka Nyansiongo nzima ukapata wawili wenye simu ya kubeba gemu na mzazi asiyezima taa mapema. Basi angalia upande wa Sotik. Chepilat iko hapo mpakani mwa Nyamira na Bomet, ukisimama Nyansiongo unaifikia na boda. Mwanzoni mwa 2008 huo mpaka uliwaka, watu wakauawa, nyumba zikachomwa, na kuna familia pande zote mbili ambazo hazijasahau. Msee wa miaka 17 leo alikuwa hajazaliwa. Anajua ameambiwa asiende upande ule, hajui vizuri ni kwa nini. Lakini kwa gemu anatumia mlingoti huohuo, pingi yake ni sawa na yako, na anabonga Kiswahili na Sheng kama wewe. Mfumo wa kupanga timu ungekuwa na akili kidogo, huyo ndiye ungekupea kabla ya mtu wa ng'ambo.

Sisemi gemu italeta amani, hiyo ni kazi ya watu wengine na wanalipwa. Nasema umekosa mtu wa nne na yuko hapo ng'ambo ya barabara.

Kwa hivyo leo usiku, kabla ubonyeze kuanza, cheki ile nambari ndogo ya pingi pale kwa kona. Ikiwa juu ya 150 na uko seva ya Ulaya, hama. Fungua lobi, usiruhusu gemu ikujazie. Tuma namba ya chumba kwa yule mliyesoma naye, na umwambie amtafute yule wa Chepilat. Mkifika watatu, ngojeni. Stima ikipotea, simu ya nani ina chaji?