Je, Unayaelewa Unayoyatazama?

Kila semina ya vijana hapa Nzega huisha kwa karipio lilelile: kibanda umiza ni mlango wa kuzimu. Aliyekaripia hurudi nyumbani, akawasha runinga na kutazama tamthilia ya Kituruki hadi saa nne usiku. Wapendwa, tuuache unafiki huu.

Tuseme aje mtayarishaji wa filamu za makala, anayezunguka mataifa akichunguza jinsi watu wanavyotazama televisheni, atuelekezee kamera yake. Kibandani angekuta vijana wakibishana na kumsikiliza mtafsiri anayeieleza filamu ya kigeni kwa Kiswahili, kazi ambayo Derek Mukandala, yule Lufufu wa Dar es Salaam, alijulikana kwayo. Sebuleni kwa mzee wa kanisa angekuta kimya.

Nina ushahidi. Juzi mtoto wa darasa la nne aliuliza kwa nini yule bwana wa kwenye tamthilia anampiga mkewe na bado watu wanampenda. Wakubwa tulikuwa sita. Mmoja akajibu, "Nyamaza, tutapitwa." Aliyejibu ni mimi, mzee wa kanisa.

Wapo wanaotamani enzi zisizo na televisheni. Zanzibar iliipata 1973. Bara tulisubiri hadi 1994, kwa kuwa serikali ya Mwalimu Nyerere iliiona ni anasa. Enzi hizo hazirudi. Tena nchi yetu ya Unyamwezi haijawahi kufungiwa njia: misafara ilipita hapa kama malori ya Mwanza yapitavyo leo. Babu zetu walibeba vitambaa, shanga na pembe, lakini mpagazi aliujua uzito wa mzigo wake. Sisi tunatwikwa visa vya Istanbul na Mumbai bila kuuliza vina uzito gani.

Someni Matendo ya Mitume sura ya 8. Filipo alimkuta Mkushi akisoma garini. Alimwuliza kama anaelewa, kisha akapanda na kuketi naye. Mtasema yule alikuwa akisoma Isaya, si tamthilia. Kweli. Basi kama msomaji wa Isaya alihitaji wa kumfafanulia, je, mtoto aliye mbele ya tamthilia? Nasi tumebaki kando ya barabara tukipiga kelele.

Wazee, tulipe kiingilio, tuketi kibandani na vijana wetu, tusikilize, ndipo tuulize. Na nyumbani, tamthilia ikiisha, tuzime runinga kabla ya sala ya jioni tuulizane: nani ameonewa? Nani ametubu? Wewe ungefanyaje?

Mimi nilimrudia yule mtoto siku ya tatu. Alikwisha kupata jibu kwingine: eti yule mke alistahili. Ninaendelea kuling'oa jibu hilo moyoni mwake, na si kazi ya siku moja. Usingoje siku ya tatu. Anza leo usiku.