Wa Kwanza kwa Kipi?

Nimechoka na neno "wa kwanza." Linapendwa na walimu wa historia, watunga maswali ya chemshabongo na, siku hizi, watu wanaogawa fedha za ubunifu kwa vijana. Nani wa kwanza kuruka juu ya bahari iliyo kati ya Ufaransa na Uingereza? Louis Blériot, 25 Julai 1909. Vema, kaa chini, alama mbili.

Nasoma shahada ya uzamili katika historia, na ningekuwa nasahihisha mimi, jibu hilo lingerudi na swali: wa kwanza kwa kipi?

Bahari hiyo, Wafaransa huiita La Manche, ina upana wa kama kilomita 33 pale inapobana zaidi. Watu waliipita angani miaka 124 kabla ya Blériot. Tarehe 7 Januari 1785, Mfaransa Jean-Pierre Blanchard na daktari Mmarekani John Jeffries waliondoka Dover kwa puto la haidrojeni. Njiani puto likaanza kushuka. Wakatupa mizigo, wakatupa mapambo ya chombo, mwisho wakavua hata nguo wakazitupa, ndipo wakafika kwenye msitu karibu na Calais wakiwa hai na wakitetemeka kwa baridi. Mwenye fedha za safari alikuwa Jeffries. Jina linalotangulia kwenye vitabu ni la Blanchard.

Miezi mitano baadaye Pilâtre de Rozier alijaribu kuvuka kutoka upande wa Ufaransa. Huyu alikuwa mmoja wa watu wawili wa mwanzo kabisa kupaa na puto lisilofungwa kamba, Paris, 1783. Safari hii puto lilianguka, akafa pamoja na mwenzake, Pierre Romain. Shujaa wa sura moja ya kitabu akawa marehemu asiyetajwa katika sura inayofuata.

Sasa mtazame Blériot mwenyewe. Gazeti la Daily Mail liliweka zawadi ya pauni 1,000. Siku sita kabla yake, Hubert Latham alijaribu, injini ikazima, akatua majini na kuokolewa. Blériot alifika baada ya dakika 37 hivi, bila dira, kwa injini ya silinda tatu iliyotengenezwa na Mwitaliano, Alessandro Anzani. Simpunguzii ushujaa. Nasema tu kwamba injini ya Anzani ingezima kama ya Latham, leo tungekariri jina jingine.

Na kuwa wa kwanza hakutoshi. Lazima magazeti yawe na nafasi. Tarehe 16 Aprili 1912 Harriet Quimby, Mmarekani, akawa mwanamke wa kwanza kurusha ndege juu ya bahari hiyo, akiendesha ndege ya Blériot. Titanic ilikuwa imezama alfajiri ya siku iliyotangulia. Kurasa zote zikaenda kwa meli.

Nasikia pingamizi: bila zawadi na sifa, nani angethubutu? Ni hoja nzito, na nitaijibu kwa mfano unaoiunga mkono. Tarehe 12 Juni 1979 Bryan Allen alivuka bahari ileile kwa kukanyaga pedali, saa 2 na dakika 49, ndani ya Gossamer Albatross. Zawadi ya Kremer, pauni 100,000, ilikuwa mezani, na mbunifu wa ndege hiyo, Paul MacCready, hakuficha kwamba deni ndilo lililomsukuma kuingia katika mashindano hayo. Lakini fedha zilivuta watu wengi, wengi walishindwa. MacCready alishinda kwa sababu yeye na timu yake waliunda chombo chepesi ambacho kikivunjika kinatengenezwa haraka na kurushwa tena. Zawadi ilileta watu uwanjani. Ushindi ulitokana na ufundi wa kukarabati.

Hapo ndipo hasira yangu ilipo. Rafiki yangu aliomba fedha katika shindano moja la ubunifu ili afufue pampu za maji zilizokufa kijijini kwao. Fomu ilimtaka aeleze yeye ni wa kwanza katika lipi. Akaandika ukweli: si wa kwanza, pampu zipo, zimeharibika. Akaambiwa wazo lake si jipya. Mshindi alikuja na programu ya simu ya kuonyesha pampu zilipo. Ya kwanza Afrika Mashariki, tulielezwa, na ukumbi ukapiga makofi. Pampu bado zimekufa.

Tukiwafundisha vijana kwamba historia ni foleni ya watu wa kwanza, tusishangae wakikimbilia kuanzisha na kukimbia kutengeneza. Wahenga walisema kidole kimoja hakivunji chawa. Sisi tunaendelea kukipa kidole kimoja kikombe na picha ya ukurasa wa mbele.

Ninalodai ni dogo. Kwenye mtihani, swali la nani alivuka lifuatwe na swali la nani alilipa, nani aliunda injini, na nani alianguka kabla yake. Na kwenye fomu za ruzuku, futeni "wewe ni wa kwanza katika lipi?" Andikeni: "Unaendeleza kazi ya nani, na ikivunjika nani ataitengeneza?"